Boriti ya Saba

Fundi Bwanaheri ameigonga dari kwa nyundo,
chokaa ikamjaa kope.
"Zote ni boriti," asema, "mti ni mti.
Nizitupe, nikutilie zege?"
Ngoja. Ziteremshe moja moja.
Nipe kitambaa kibichi na kisu kidogo,
uniwashie na taa: huku Mkomani
jua haliingii uchochoroni mpaka libembelezwe.

Mimi miti sikufunzwa na mkataji.
Nilifunzwa na shangazi Somoe, msuka mikeka,
aliyekwenda Mkanda maji yakitoka
kutafuta gome la kutilia miyaa rangi,
buibui amelifunga kiunoni,
tope limemfika magotini, na ulimi haupumziki:
"Usinambie ni kijani. Yote ni kijani.
Ndoo hapa. Geuza jani."

Niligeuza. Tumbo la jani la mchu
ni kama fedha iliyochakaa sandukuni.
"Lirambe." Nikaliramba. Chumvi.
"Huyu hunywa bahari, kisha huitema.
Na vidole vyake hivyo, vimetoka topeni kuvuta pumzi.
Vikanyage bila kiatu
utamjua hata usiku."
(Nilivikanyaga. Nilimjua. Nililia.)

Mkoko umesimama kwa miguu mingi,
kama mtu asiyeiamini ardhi;
jani lina ncha ya sindano,
na upande wa chini madoa, madogo mno,
kana kwamba mtu amepiga chafya ya ugoro.
Muia hupiga magoti. Ua lake
huanguka na kikombe chake chekundu
ukadhani mtu amepotezewa kipuli.
Mkomafi una tunda la kiasi cha kichwa cha mtoto,
mbegu zimepangana ndani; ukizimwaga hazirudi.
Tulijaribu kuzirudisha njia nzima hadi Matondoni,
na hata leo sijaweza.

Mkandaa, huo ndio uliokuwa wake.
Jani la mviringo, kama ukucha wa kidole gumba,
shina limetanuka chini kama kanzu iliyolowa.
Ukiukwangua gome, wekundu hukurukia kabla ya kuuliza.
Siku moja nilimletea kikapu kizima cha kikandaa.
Hakunipiga. Aliyachemsha yale magome,
akasuka, mkeka ukatoka rangi ya maji ya mchele.
"Jina ni karibu sawa," akasema, "si ndugu."
Mkeka haukuuzwa. Naulalia.

Sasa nimekaa sakafuni kwa baba
na miti isiyo na jani, isiyo na gome,
isiyo na mguu topeni.
Nitaishikaje, Somoe?
Kwa uzito. Kwa kisu. Kwa kitambaa kibichi.
Ya kwanza naifuta: yaona haya, yawa nyekundu.
Mkoko. Ya pili, ya tatu, mkoko. Ya nne hadi ya sita
ni mkandaa, kisu chateleza kama juu ya pembe.

Ya saba ni nyepesi.
Nyekundu juu, sawa na dada zake,
lakini kisu kinazama, na ndani ni kweupe,
tabaka juu ya tabaka, kama kitunguu.
Mchu. Nani hujenga dari kwa mchu?
"Mzee wako alipunjwa," acheka Bwanaheri.

Naileta karibu na taa.
Rangi imepakwa, mara tatu, kwa mkono uliojua,
na penye fundo, umeganda ndani ya rangi,
utepe mmoja wa mwaa.

Mwaka wa arusi ya baba boriti zilikuwa ghali.
Hilo nililisikia. Kwamba ilipungua moja,
na kwamba wakwe walikuja wakahesabu dari,
wakafika saba, wakanyamaza,
hilo hakuna aliyenambia.
Yeye aliyenambia geuza, ramba, kwangua,
asidanganyike mtu na rangi,
aliipika rangi hii.

Nikauramba ule mti. Hauna chumvi tena.

"Imeliwa, haibebi kitu," asema fundi.
Najua. Zile sita zirudishe,
ya saba uitafutie mwenzake wa kubeba,
kisha na yenyewe uiweke kando yake,
upande uliopakwa utazame chini.
Ule utepe usiubandue.