Lauantai

Karatasi ya shule iliuliza swali moja:
jina la siku ya leo lilitoka wapi?
Oiva akaishika kwa ncha za vidole, kama samaki,
akampelekea bibi yake uani, kwenye theluji.
"Lauantai," akasoma. "Maana yake nini?"
Impi alikuwa anachagua kuni, kavu huku, mbichi kule.
"Maana yake lauantai. Niletee ndoo."

Hakujua. Wala mama yake hakujua,
aliyemzaa humo saunani, kwenye ubao wa chini,
tanuri likiwa limepoa nusu.
Wala Taavetti hakujua, aliyelazwa ubao uleule
Machi ile ya baridi kali,
akaoshwa kwa maji aliyoyateka mwenyewe asubuhi.
Neno lilikaa midomoni mwao kama jiwe la mtoni:
laini, zito, halina pa kufungulia.
Lakini kila juma, saa nane, moshi.

Gunvor wa ng'ambo ya shamba akaja na taulo begani,
yeye wa lugha ile nyingine, ya upande wa bandari.
Sauna yake iliungua mwaka juzi; tangu hapo anaoga hapa
na kulalamika kwamba mawe ni machache.
Akaisoma karatasi, miwani imeshika ukungu.
"Sisi husema lördag. Bibi yangu alilivuta: lögardag.
Na löga, kwake, ilikuwa kuoga.
Siku ya kuoga, basi. Mliliazima kwetu
mkasahau kuuliza lina nini ndani."
"Neno tuliazima," Impi akasema, akivua soksi.
"Maji yalikuwa yetu."

Mimi Jumamosi yangu ni hesabu tu,
mosi, kisha pili, kama mtu anayepanga sahani.
Sikuwahi kuidai zaidi ya hapo.
Leo nawatazama hawa vikongwe wawili, wamekaa ubao wa juu,
wanachapana migongo kwa matawi ya mbetula,
jani moja limeganda kwenye kovu la Gunvor,
na mawe yanafoka kila kata inapomwagwa,
nami natamani siku yangu ingekuwa na harufu.

Oiva kaketi kizingitini, goti ndiyo meza.
Aliandika jibu kwa penseli;
karatasi ikajikunja kwa mvuke kabla hajafika nukta.
"Bibi, na Jumapili?"
"Jumapili ni nguo safi. Funga mlango,
joto linatoka."