Karatasi za Herufi M

Kizito aliiuza kwa kilo,
pamoja na magazeti ya miaka sita na madaftari ya Kidato cha Pili.
"Baba, si ilikuwa karatasi tu," aliniambia kwenye simu.
Sikumkaripia. Mimi ndiye niliyemfunza
kwamba kitu kisichotumika ni uchafu.

Miezi ikapita.
Jumapili moja, nyuma ya mitumba ya Kibuye,
nilinunua njugu za shilingi ishirini,
nikazila mpaka chumvi ya mwisho,
nikaikunjua karatasi ili niitupe:

*mbeleko*, nm. kitambaa cha kumbebea mtoto mgongoni.

Na pembeni, kwa wino mwekundu, mwandiko wangu:
*Beldina asema hata shuka ya kitanda ni mbeleko,
mtoto akilia usiku.*

Nikarudi mbio, mzee mzima, viatu mkononi kwa sababu ya tope.

Muuzaji ni Risper Akeyo.
Hupima njugu kwa kifuniko cha chupa ya chai.
"Hicho kitabu kilikuwa kizuri," akasema, "hakivuji mafuta.
A hadi L ziliisha kabla ya Pasaka.
Lakini hii M, mwalimu, haiishi!
Waswahili wana nini na M?"

Nikamweleza kwamba mtu huanza na M,
na mti, na mto, na mlango, na mke.
"Ndiyo maana ni nzito," akasema,
akakunja nyingine.

Tangu siku hiyo nala njugu kama anayemeza dawa.
Daktari wa pale Russia alinikataza chumvi.
Hajui kwamba nasoma.

Juzi mvua ya saa kumi ikatufungia chini ya turubai lake.
Hapakuwa na mteja. Alikuwa amechomoa karatasi,
midomo ikicheza kidogo.
"*Mjane*," akasoma. "*Mwanamke aliyefiwa na mume.*
Maneno manne. Wamemaliza."
Akaigeuza, aone kama yapo mengine upande wa pili.
"Hawakuandika jinsi shemeji anavyopima shamba kwa hatua
kabla chai ya matanga haijapoa.
Hawakuandika kwamba usiku hakuna wa kukuuliza
kama umefunga mlango."

Nikampa kalamu.
Akaikataa, vidole vina mafuta. Kisha akaichukua,
akaandika pembeni kwa Dholuo, herufi kubwa kubwa,
mistari mitatu.
Sikumuuliza maana. Miaka thelathini na moja
nimeishi kwa kuuliza watu maana.

"Na mwanamume? Akifiwa anaitwaje?"
"Mgane."
"Mgane." Akalitafuna. "Sijawahi kusikia mtu akiitwa hivyo."
"Halitumiki," nikasema,
na hapo hapo nikajisikia nikimfunza Kizito.

Akapekua rundo, akalipata.
Lilikuwa karatasi nne nyuma. Pembeni hapana wino.
Siku nilipolipita neno hilo
Beldina alikuwa jikoni akimenya ndizi,
akinipigia kelele kuhusu paka wa jirani,
nami sikuona la kuongeza.

Kutoka *mgane* hadi *mjane* ni karatasi nne.
Anayefuata karibu tu ni *mgeni*.
Halafu *mgomba*, *mgongo*, *mhimili*,
*miwani* ambayo sikuwa nayo, ikabidi anisomee yeye,
*mizani* ambayo hana,
na *mja*, ambaye ni kila mtu.

Nikamwomba aniuzie hizo nne. Nikataja mia.
Hata mia mbili.
Akacheka, akanifungia njugu kwa gazeti la jana,
picha ya mkutano fulani, watu wamenyoosha mikono.
Zile nne akaziweka chini ya kopo la pesa.

"Njugu ni zako. Karatasi nilinunua kwa kilo, ni zangu.
Kesho njoo na hiyo miwani," akasema,
"unieleze *mintarafu* ni mnyama gani."