Taarifa ya Mweka Hazina

Wanachama wa Chama cha Kuzikana, Northampton,
mlioacha zamu na mlioacha usingizi,
taarifa yangu nimeiandika kwa mkono
katika daftari la shule la binti yangu.
Mtaelewa kwa nini.

Kompyuta niliinunua Kettering Road,
kwa yule Mpolandi anayetengeneza simu:
pauni tisini na tano, kibodi haina herufi R.
Programu ya hesabu ilikuwa imekwisha muda.
Kila nikiifungua, bango jekundu:
lipa, lipa, kama mwenye nyumba mlangoni.
Leseni, pauni mia na ishirini.
Nikajiuliza, hizo ni sanda ngapi?
Mnanijua nilivyo bahili wa senti zenu.
Ubahili huohuo ndio ulioniponza.

Shemeji yangu Swabri, mjuzi wa njia za mkato,
akaniletea kifaa: faili moja,
jepesi kuliko picha ya harusi.
"Hiki kinafungua chochote. Sote tunakitumia."
Kilikuja na maelezo, na maelezo yalikuwa na adabu:
Kwanza, zima kinga ya kompyuta.
Ikilia usijali. Hulia bure.
Nikazima.

Hapo ndipo ninaporudi kila siku
saa tisa za usiku, ghalani, nikibandika lebo:
mgeni yuko kizingitini, hajavua hata viatu,
ananiomba nimfunge mbwa,
nami namfunga mbwa,
na mbwa anabweka, na mimi
namwambia mbwa, nyamaza, mjinga we.

Kikatokea kidirisha: RUHUSU?
Herufi yake ya kwanza sina kwenye kibodi,
lakini kidole hakikuihitaji.

Bango jekundu likatoweka.
Wiki sita nilikuwa bwana wa safu na jumla,
nikawasomea mizania hapahapa, mkanipigia makofi.
Hakikuvunja kitu, nataka mlijue hilo.
Hakikupiga kelele.
Kilikaa kando kikinisikiliza,
kikihifadhi nenosiri la benki
kama mtoto anavyohifadhi sura fupi,
kwa kurudiwarudiwa tu.

Tarehe kumi na moja Februari, saa kumi alfajiri,
pauni elfu sita mia nne na kumi na mbili
zilitoka kwa mikupuo mitatu
kwenda kwa majina nisiyoyajua.
Saa nne asubuhi akapiga simu Bi Mtumwa Faki:
Kheri ametutoka,
hospitali wanauliza nani atamchukua.

Mtu wa benki alikuwa na lafudhi ya Kiskoti,
mpole kama muuguzi wa zamu ya usiku.
"Bwana, kuna kitu chochote
ulichokiruhusu mwenyewe?"
Nikanyamaza mpaka akadhani simu imekatika.

Mlipitisha ndoo humu ukumbini, ndoo ya rangi,
ingali na weupe wa ukuta wa mtu.
Kheri alizikwa siku ya nne.
Mjane wake hakuniuliza kitu.
Alinimiminia chai, akanisogezea sukari.
Afadhali angenimwagia.

Nitalipa pauni hamsini kila mwezi,
miaka kumi na miezi minane,
kisha pauni kumi na mbili za mwisho.
Hesabu hiyo nimeipiga bila mashine.
Lakini majina yenu, anwani zenu,
tarehe za kuzaliwa za watoto wenu
ziko mikononi mwa watu wasio na sura,
na hizo sijui zinalipwaje.
Badilisheni nywila zenu leo, kabla ya kula.

Swabri, kama umo humu, usinyanyuke.
Aliyemfunga mbwa ni mimi.

Daftari naliacha mezani, likaguliwe.
Kurasa mbili za mwanzo ni jedwali la mara, la saba na la nane.
Tafadhali msizichane.
Bado anazihitaji.