Kinyumenyume

La kwanza lilisukumwa na miguu ya nyuma, kama punda.
Mama alilinunua kwa kahawa ya msimu mmoja
kutoka kwa karani wa chama cha ushirika
aliyelia kidogo alipotoa ufunguo.
Starlet. Milango miwili, na buti lililofunguka juu
kama mdomo wa kiboko.
Siku hiyo hiyo mama aling'oa kiti cha nyuma;
tukakaa juu ya magunia, mimi na Wamimbi,
vichwa vikigonga dari katika kila shimo
kati ya Mbale na Budadiri.

Asubuhi za baridi, Wanale umejifunika ukungu hadi masikioni,
unavuta choki, unasubiri, unaomba radhi,
unavuta tena.
Kabureta ilikuwa na moyo wa mtu:
ukiizidishia, inasusa.

La pili lilitangulizwa na uvumi:
hili linavutwa na miguu ya mbele.
Fundi Masolo akalala chali uvunguni,
akaitafuta ile shafti ndefu iendayo nyuma,
asiione.
Akatoka akifuta mikono:
"Wamelitoa uti wa mgongo, na bado linatembea."

Lilitembea. Ila mvua ya Aprili ilipoifanya njia uji
magurudumu ya mbele yalizunguka bure,
yakitupaka tope hadi kwenye kope.
Mama akashuka. Akavua viatu. Akalitazama
anavyomtazama mtu aliyechanganya kahawa na kokoto.
Kisha akaligeuza, akatia gia ya kurudi,
na likapanda.
Mlima mzima, kisogo mbele,
mama kapinda shingo, mkono juu ya kiti cha abiria,
nasi, mara ya kwanza maishani,
tukaiona Mbale ikididimia polepole kwenye kioo cha mbele
badala ya kupotelea mgongoni.

La tatu silikumbuki vizuri. Nilikuwa bwenini, Tororo.
Najua lilikuwa na mabega ya mviringo, rangi ya mtindi,
na kwamba liliuzwa kabla ya mtihani wangu wa mwisho.
Halina picha hata moja.
Cheti changu ukutani ndicho picha yake.

Halafu jina likabadilika.
Vitz: likaja kwa njia ya Malaba na vumbi la nchi mbili,
macho ya mtoto aliyeamshwa ghafla,
na tarakimu za mwendo katikati ya dashibodi
kana kwamba mwendo ni shauri la wote garini.
Kila asubuhi mwanamke asiyeonekana
alitusomea onyo kwa Kijapani.
"Mulembe," mama alimjibu, akaondoa gari.
Miaka sita walisalimiana hivyo.

Langu ni la baadaye. Mwendo umerudishwa kwa dereva peke yake.
Masolo alikufa na sikio lake; bintiye Khainza ana waya,
anauchomeka chini ya usukani, anasubiri kioo kimwambie
kile baba yake alikisikia akiwa ng'ambo ya barabara.
Simlaumu. Injini hizi hazikohoi tena.
Zinanyamaza, kisha zinakufa.

Juzi mvua ilitukuta kwenye mteremko ule ule.
Taa ya njano ikawaka: mchoro wa gari linaloyumba.
Nikabonyeza hiki, nikabonyeza kile.
Mama, kando yangu, shali mabegani,
hakusema neno.
Alinyosha kidole kimoja tu, akakizungusha hewani.

Nikaligeuza.
Nilipotia gia ya kurudi, kioo kidogo kikafunguka,
kikatuchorea njia ya nyuma yetu
kwa mistari ya kijani na nyekundu,
migomba, tope, mbuzi wa mtu.
Mama akakitazama kwa muda mrefu.

"Kwa hiyo siku hizi," akasema,
"hata shingo hamuumizi."

Akageukia mbele,
ambako Mbale ilikuwa inawasha taa zake, moja moja,
ikishuka.