Mdomo wa Chini

Nilikuwa nikipiga piano pale Tulipani,
ukumbi wa viti tisini kando ya mto Tisza,
miaka ile picha zilipokuwa na miguu lakini hazina sauti.
Kwanza zilikuja habari za juma, dakika sita:
wakubwa wakishuka garini, wakivua kofia,
wakienda mbiombio kama kuku waliomwagiwa maji,
maana Ferkó mwendesha mashine alikuwa na mchumba
na alipenda kufunga mapema.

Wahenga husema kimya kina mshindo.
Hawakuketi karibu na mashine ile ikitafuna utepe,
trrr, trrr, kama nzige ghalani.

Safu ya tatu, kila Alhamisi, Piroska Vadkerti,
mshona glavu, kiziwi tangu surua ya utotoni.
Akitokea Waziri Barlay, yeye hucheka.
Ukumbi umetulia kwa heshima,
mimi natwanga wimbo wa gwaride,
na Piroska anacheka mpaka mabega yanamtikisika.

Siku moja nikamwandikia juu ya mfuko wa mbegu za maboga:
Kuna nini?
Akalamba ncha ya penseli, akajibu:
Maandishi yanasema anawabariki yatima.
Mdomo wake unasema, mwondoeni huyu, ananuka vitunguu.

Toka hapo tukawa wezi wawili.
Uzinduzi wa daraja: Viatu hivi vitaniua.
Mbele ya balozi: Huyu naye nani?
Akikagua askari, safu baada ya safu:
bata wa kuchoma, kama amebaki.
Masharubu yanaficha mdomo wa juu, aliandika Piroska,
lakini wa chini haujui siasa.
Nami, Mungu anisamehe, nikaanza kumpenda yule mzee
aliyedhani hakuna anayemsikia.

Novemba wakatuletea ukuta wa mafuriko.
Mvua. Waziri peke yake,
na mwavuli ulioshikwa na mkono usio na mwenyewe.
MHESHIMIWA AKAGUA KAZI.
Anautazama mto. Mdomo unafunguka, unafumba,
unafunguka, mara nne, neno lilelile.
Niligeuka nicheke na mwenzangu.
Hakucheka. Alikuwa amejishika koo kwa vidole viwili,
kana kwamba neno limekwama kwake.

Mikono yangu ikatoka kwenye piano, sikuituma.
Ikabaki trrr, trrr.
Nyuma mtu akapiga mluzi, mwingine akadai nauli yake.
Mwenye ukumbi alinikata nusu ya ujira.

Nje, chini ya taa, nilimpa penseli.
Aliandika: Ilonka.

Basi. Hakuna aliyetuambia ni nani huyo,
binti, mke, farasi aliyezama.
Magazeti yalisifu uimara wa saruji.
Utepe ulirudishwa Budapest Jumatatu;
nasikia huko huziosha wapate madini ya fedha,
na mabaki hupikwa kuwa rangi ya viatu.

Mfuko ule ninao. Umeingia mafuta.
Mwanangu aliuokota juzi kabatini, akauliza
kama Ilonka alikuwa wangu.
Nilifungua mdomo,
nikaufumba.