Taji Ukingoni

Mwaka ule Tabora haikuwa na fedha.
Pwani imefungwa, meli hazifiki,
na askari asiyelipwa hulenga mawingu.
Basi Mdachi akatukusanya karakana ya reli,
sisi wafua shaba na waziba masufuria,
akatumwagia rundo la maganda ya risasi
yaliyorudi kutoka vitani,
mengine yananuka bado.

Tuliyayeyusha. Tukayalaza yakawa bamba.
Mimi, Kapaya mwana wa Lugala,
nilikuwa mkono wa pili kwenye shindikizo:
upande huu majani, upande ule taji,
ishirini, ishirini, ishirini,
hata usingizini masikio yaliendelea kugonga.

Ndugu yangu Mlekwa alikuwa kwa Mbelgiji.
Hakuchagua. Alivuka ziwa kutokea Ujiji
na mzigo wa chumvi ya Uvinza, akaoa huko Kasongo,
na siku vichwa vilipohesabiwa
kichwa chake kilikuwamo.
Shemeji yangu Sizya alikuwa kwa Mdachi.
Naye hakuchagua sana: alipenda buti.
Dada yetu Nyamizi, kila akisonga ugali,
alitenga matonge mawili ukingoni mwa sinia,
moja la mume, moja la kaka.
Jioni yakaliwa na kuku.

Na mimi? Nilikuwa wa nani?
Niliyeyusha risasi zilizomkosa ndugu yangu
nikazifanya ujira wa atakayempata kesho.
Usiku nilipiga hesabu hiyo,
na kila mara ilikubali.

Siku moja bamba liliteleza.
Taji likaangukia pembeni, nusu yake hewani,
kama kofia ya mlevi.
Msimamizi hakuona. Nikaificha shavuni,
uchungu wa shaba mdomoni mpaka nyumbani Ng'ambo.
Nikampa Sizya alfajiri aliyotoka kwenda Itaga.
"Mbovu hii, hainunui kitu," nikamwambia.
"Kwa hiyo hutaitumia. Rudi nayo."
Akacheka. Akaifunga kwenye pindo la shati.

Kwetu Unyamwezi mzinga ni wa nyuki.
Septemba ile tukajifunza mizinga mingine,
isiyo na asali, ikinguruma vilimani
hata nyuki wenyewe wakahama.
Kisha usiku mmoja Wadachi wakaondoka,
na kulipokucha wakaingia wengine, miguu peku,
Kiswahili chao chetu, ila kimelowa mto usio wetu.

Mlekwa alinijua kwa kovu la kidevu.
Tulikumbatiana mpaka bunduki yake ikaanguka.
Alikula. Alisinzia ameketi, mkono sahanini.
Alipozinduka akapapasa mfukoni:
"Nina zawadi ya dada. Kule kilimani
nilimpekua mmoja niliyemwangusha.
Hakuwa na kitu ila hii.
Hodari yule. Hakukimbia."
Akaiweka mkekani.

Taji ukingoni.

Uani Nyamizi alikuwa akipepeta mtama.
Nilisikia ungo ukinyamaza.
"Zawadi gani hiyo?" akauliza.
Mlekwa alinitazama akitabasamu,
meno yale yale ya utotoni, pengo lile lile.
Nikaifunika hela kwa kiganja.
"Mbovu," nikasema. "Hainunui kitu."
Ungo ukaendelea.

Dada alisubiri buti mlangoni miaka mingi.
Kila aliyepita kutoka kusini alimpa maji,
akamwuliza.
Mlekwa ndiye aliyewalea wanawe.
Aliwafundisha kurina usiku bila moto mkubwa,
akawaolea, akawagawia shamba,
nao wakimwita mjomba hadi sauti inalegea kwa mapenzi.
Mara tatu nilifungua kinywa.
Mara tatu nikaonja shaba.

Mlekwa amekufa, Nyamizi amemfuata,
na Mdachi kabaki neno moja tu midomoni mwetu.
"Babu, hela," wajukuu wananyoosha mikono,
na fedha ninayowapa ni ya Mwingereza, ina kichwa kingine.
Nami kila nikitoa, kabla sijaiachia,
huigeuza kwanza mwangani
nione taji limekaa wapi.