Madaftari ya Wepukhulu

Tuliyakuta kumi na tisa chini ya gunia la mbolea,
daftari za shule, jalada la buluu,
jedwali la kuzidisha mgongoni,
na ndani, kwa mwandiko wa karani,
swali moja limerudiwa kama adhabu:
Nani aliyekupa funguo za mkono wangu?

Baba alikuwa karani wa mizani
penye kizuizi cha daraja la Kamukuywa,
miaka ile mahindi yalipoomba kibali
kuvuka wilaya, kama mgeni asiye na kwao.
Alipima. Aligonga muhuri. Alisema pita, alisema rudi.

Usiku mmoja wa Juni akaja mama
na debe moja mgongoni, kalifunga kwa leso kama mtoto.
Askari akapapasa, fundo likafunguka,
punje zikakimbia lami kwa sauti ya manyunyu.
Mama hakulia. Aliuliza:
"Nimelima mimi, nimepalilia mimi.
Serikali ilishika jembe lipi?"
Baba akaandika kitabuni: kilo kumi na saba.
Akafunika kalamu.

Hivyo ndivyo falsafa ilivyoingia kwetu:
mshahara ulipotoka.

Kimilili akafungua kibanda cha kufuli.
Alisema kufuli ni neno la mwenye nyumba,
na mwizi ni mwizi hata akija na risiti.
Manispaa ilipofunga vibanda vya soko kwa minyororo,
leseni, leseni, leseni,
alivifungua vyote kumi na vinne kabla ya adhana,
bila malipo,
akalala rumande na bisibisi moja soksini.

Sisi watoto hakututuma; alifanya nasi mapatano.
Shilingi mbili kwa mtungi wa maji.
Kaka yangu Khaoya akapandisha hadi tano,
akadai na siku ya mapumziko,
baba akachekelea, "Ona, mtu huru!"
mpaka mama alipomaliza mkutano kwa mwiko.

Mama, Nabwile, hakuwahi kuandika kitu.
Alichambua mboga, akamwacha aseme
kwamba mwili ni shamba la kwanza la kila mtu,
kwamba wema wa kulazimishwa ni kodi iliyovaa kanzu,
kisha akauliza bila kuinua macho:
"Na asiye na mbuzi,
huo uhuru wake ataukamua wapi?"
Baba alitoka nje kuangalia mvua. Kiangazi kilikuwa.

Figo zilipokataa, chifu akaamuru
kila mji utoe hamsini.
Baba akazirudisha zote, kitandani Bungoma,
jina kwa jina, kwa mkono wa Khaoya.
Tukalia, tukamtukana kimoyomoyo.
Juma lile lile watu wa soko wakaja wenyewe,
mmoja na kuku, mmoja na noti iliyonuka dagaa,
wengine hawakuja kabisa,
na hao nao aliwataja kwa heshima.
Hazikutosha. Hilo pia niliandike.

Daftari la kumi na tisa, ukurasa wa mwisho,
ameliandika swali la mama, neno kwa neno,
mbuzi na yote.
Chini yake mistari mitatu, imekatwa kwa wino
hadi karatasi ikatoboka.
Kisha, pembeni, herufi zikitetemeka:
Nabwile, ningoje kidogo.